Mara ya Tatu Ningepokea

Jumatatu, 7 Juni 1999

Leo naanza, na naapa kuandika yote. Yote! Hata ya kuniaibisha. Binamu yangu Odeta wa Nansio ameapa vivyo hivyo, na wiki ijayo tunabadilishana shajara kwa meli. Basi, Odeta, soma polepole, na usimsomee mama mdogo.

Habari kubwa kwanza. Jumamosi hii kikosi kinaingia pangoni kwa Mfalme wa Chumvi.

Najua hujaelewa. Nitaeleza. Mzee Nurudin, baba yake Fadhila tunayesoma naye darasa moja, ana ofisi ya uchapaji hapa Mkuyuni, na tangu Januari ana intaneti. Kompyuta mbili, laini ya simu moja. Likizo hii, asubuhi namchapia barua za wateja. Mchana, wateja wakienda kula, ananiachia laini. Saa saba ni yangu, saa nane ni ya Fadhila. Mzee anaamini tunafanya mazoezi ya Kiingereza. Ni kweli tunafanya. Ila tunafanya tukiwa tumevaa deraya.

Ni mchezo. Hauna picha hata moja, maandishi tu. Unaandika "nenda kaskazini," unajibiwa kwamba umefika kwenye kinamasi na kuna kitu kinakutazama. Wachezaji wenzako ni watu kweli, kila mmoja yuko kwao, wengine kwenye theluji. Mnaua mazimwi, mnapanda ngazi. Ngazi ya mwisho ni ya hamsini, na mimi na Fadhila tumeifikia sote wawili. Nilidhani nikifika nitapumzika. Kumbe hamsini ndipo mchezo unapoanza! Wewe hupandi tena. Kinachopanda ni mavazi. Unavua ngozi unavaa chuma, unavua chuma unavaa fedha. Vipande vya fedha ni saba. Ukikosa hata kimoja, Mfalme anakugeuza chumvi ukiwa bado mlangoni.

Lakini ukimshinda, jina lako linachongwa kwenye ukuta wa pango na halifutwi milele. Odeta, nataka ukuta ule uandikwe Kija. Sijawahi kuandikwa popote mahali pa heshima. Nimewahi kuandikwa ubaoni pamoja na wapiga kelele, tena nilikuwa naomba kifutio tu.

Kiongozi wa kikosi anaitwa Babu Chuma. Amesema imebaki nafasi moja, naye anataka mtu wa Mwanza. Laini moja, mtu mmoja. Atakayekuwa na fedha nyingi mwilini Ijumaa jioni ndiye atakayekwenda. Fadhila amebakiza glavu tu. Mimi nimebakiza viatu na kofia.

Nimekata tamaa? Hata kidogo. Nina mpango.

Jumanne, 8 Juni

Mpango: viatu, peke yangu, leo.

Viatu vya fedha huvaliwa na Mama Kenge, zimwi la kinamasini. Babu Chuma alishaonya kwamba anahitaji watu wanne. Lakini kenge, Odeta! Sisi tuliokua tukiwarushia kenge mawe kule ufukweni! Nilidhani wenzetu wa theluji wanamwogopa kwa sababu hawajazoea.

Niliingia kinamasini saa saba na dakika chache. Nikarusha jiwe. Kompyuta ikajibu: Umeumwa. Umemezwa. Umekufa.

Ukifa unafufukia hekaluni umejifunga shuka tu, na mavazi yako yanabaki ulipofia. Yeyote apitaye anaweza kuyaokota. Nikaanza kukimbia kuyafuata. Hapo hapo akaingia Josephat, wakala wa minofu ya sangara, jasho linamtoka, anataka kutuma faksi sasa hivi, mnunuzi wake wa ng'ambo anasubiri. Mzee Nurudin akanikatia laini. Faksi ilikataa mara nyingi. Kila ilipokataa Josephat aliipiga kofi ubavuni na kuiita "mama."

Ilipokubali, ilikuwa zamu ya Fadhila.

Akakaa. Akaenda moja kwa moja hadi kinamasini. Akaokota vipande vyangu vyote vitano, kimoja kimoja, kwa vidole vyake viwili, huku mimi nimesimama nyuma ya kiti. Akasema nisiogope, anaviuza tu. Nikakamata mgongo wa kiti. Akacheka, akaenda hekaluni akaviacha kwa mtunza hekalu kwa jina langu.

Kisha akauliza: "Ungekuwa wewe, ungeniokotea?"

Nikajibu kwamba ningemwokotea. Nilichelewa kidogo kujibu. Ameona.

Jumatano, 9 Juni

Nimefikiri usiku. Shida yangu ni muda. Nikiipata na saa nane, nitatimiza. Kwa hiyo Fadhila apewe kazi nyumbani. Kazi njema, yenye thawabu.

Kwao wana shughuli Jumapili, wageni wanatoka Ujiji. Asubuhi nikapitia kwao. Nikamwamkia mama yake, Bi Mwanaharusi, nikamwambia kwa upole kwamba Fadhila anatamani sana kusaidia kuchambua mchele wa shughuli, ila anaona haya kusema.

Bi Mwanaharusi aliweka mkono kifuani. Akaniombea dua ndefu. Akasema hajapata kuona rafiki wa namna hii, na mtoto mwenye moyo kama wangu hawezi kukubali thawabu yote iende kwa mwenziwe. Akanipa ungo.

Ungo! Tulichambua mchele tangu asubuhi hadi alasiri, mkekani, miguu imekufa ganzi. Magunia ya wageni kutoka Ujiji, nadhani na Kigoma nzima inakuja. Fadhila alipepeta ungo wa kwanza, wa pili. Halafu akasema, bila kuinua macho: "Naona haya kusema, lakini natamani sana kumjua aliyemwambia mama."

Nikapiga chafya. Mchele una vumbi.

Saa saba yangu imepotea. Saa nane yake imepotea. Jioni tukasikia kwamba Mzee Nurudin aliiona laini iko tupu, akakaa mwenyewe, akasoma matokeo ya mpira hadi wateja waliporudi. Amefurahi. Ameuliza kama kesho pia tutakuwa na mchele.

Alhamisi, 10 Juni

USHINDI! Sina budi kuandika kwa herufi kubwa.

Kwanza nieleze. Tangu siku ya kwanza nilipokutana na Babu Chuma mchezoni, namwamkia. Mtu ana ndevu nyeupe hadi mkandani, imeandikwa hivyo kwenye maelezo yake, utampita tu kama kisiki? Niliandika: Shikamoo, Babu. Akauliza kama ni uchawi na unaunguza au unagandisha. Nikamfundisha maana yake na jibu lake. Sasa anawajibu marahaba watu wote, hata ambao hawajamwamkia.

Leo nimeingia sokoni mle mchezoni, nikaona kitu chini mbele ya miguu yangu. Viatu vya fedha! Vina ujumbe: kwa yule anayesalimia vizuri. Babu mwenyewe alishaondoka zake. Niliruka kutoka kitini, nikavivaa nikiwa nimesimama, sikumbuki hata nilirudi kukaa lini.

Fadhila amesema hiyo ni hongo. Nimesema ni adabu. Akasema haya, adabu yangu ina soli.

Zamu yake alikwenda na kikosi kutafuta glavu. Wakaliua zimwi, glavu zikadondoka, wakarusha kete, yake ikawa ya chini kuliko zote. Glavu zikachukuliwa na mtu wa mbali. Nilimpa pole. Ilikuwa pole ya kweli, kwa kiasi kikubwa.

Sasa tumelingana. Kila mmoja amebakiza kimoja. Kesho saa saba kikosi kinakwenda kwa Malkia wa Nyuki, mwenye kofia. Nimekula ugali na sato wawili. Mama ameuliza kama naumwa au nimepona.

Ijumaa, 11 Juni

Andika yote, Kija. Uliapa.

Saa saba tuliingia mzingani. Mimi, Babu Chuma na wengine watatu. Vita vikali. Nilichapa kwa vidole kumi kama Mzee Nurudin alivyonifundisha, siangalii vitufe, na kila nyuki aliyekuja nilimpiga kabla sentensi yake haijaisha. Malkia akaanguka. Kofia ya fedha ikadondoka. Tukarusha kete.

Kete yangu ikashinda zote!

Wote wakaandika: ni yako, Kija. Chukua.

Sasa, Odeta, wewe unamjua bibi yetu wa Magu. Tumelelewa naye. Ukipewa kitu hukirukii kama kunguru. Unakataa mara ya kwanza, ili mtoaji ajue huna tamaa. Unakataa mara ya pili, ili ajue ya kwanza hukukosea. Mara ya tatu unapokea kwa mikono miwili na kupiga goti kidogo. Hata mtoto wa chekechea anajua.

Nikaandika: Hapana, aanze mzee.

Nikaweka mikono magotini nikasubiri anikatalie.

Babu Chuma akaandika: Marahaba! Una moyo mwema sana, na kofia yangu ina ufa. Akaivaa.

Akaivaa! Papo hapo! Wenzake wakampigia makofi. Nikarudisha vidole kwenye vitufe. Nikaandika: Asante. Sijui nilimshukuru kwa lipi.

Saa nane Fadhila akakaa. Wakaenda tena kwa zimwi la glavu. Zikadondoka. Wakamuuliza kama anazitaka. Aliandika ndiyo kabla hawajafika kwenye alama ya kuuliza. Vipande saba. Nafasi ni yake.

Hayo si mabaya zaidi. Mabaya zaidi ni ya jioni.

Jioni nilikuwa bombani nachota maji. Fadhila akaja, amefunga khanga kichwani, ameniletea maandazi. Akasimama kidogo. Akasema amefikiri. Mimi nachapa haraka kuliko yeye, na kofia ilikuwa yangu kwa haki. Kesho asubuhi ataivua kofia yake, ataiacha kwa mtunza hekalu, mimi niivae, nitimize saba, niende mimi.

Odeta! Moyo wangu ulipanda juu ya bati!

Nikasema: "Hapana, wee, ni zamu yako."

Akasema: "Kweli kabisa, Kija?"

Nikasema: "Kabisa. Nenda wewe."

Moja, mbili. Nikainua ndoo taratibu ili apate nafasi ya kuuliza ya tatu. Akanirukia shingoni, maji yakamwagika yote. "Ahsante, shoga! Njia nzima nilikuwa naomba Mungu ukatae!" Akaondoka anakimbia. Khanga ikamdondoka, akairudia, akanipungia mkono, akakimbia tena.

Sasa nimeelewa. Kwao Fadhila huulizwa mara mbili tu. Kwetu ni tatu. Tunakaa mitaa miwili jirani na hakuna aliyewahi kunionya.

Maandazi niliyapokea, kwa kuwa yalikuwa tayari mkononi.

Jumamosi, 12 Juni

Nilikwenda. Ningebaki nyumbani nifanye nini? Tena Fadhila Kiingereza chake ni cha polepole, na pangoni maneno yanakuja mbio. Tukakubaliana: mimi nasoma kwa sauti, yeye anachapa.

Mzee Nurudin alimwambia Josephat kwamba laini haipo hadi saa tisa, watoto wana mtihani. Josephat akakaa kwenye benchi nje kungoja jibu la faksi yake, akatutakia kila la heri tufaulu.

Watu sita mlangoni pa pango. Fadhila katika mchezo anaitwa Sangara. Alijichagulia mwenyewe, anasema ndiye samaki asiyeliwa na mwenziwe. Tulipokuwa tunangoja wote wafike, Fadhila, kwa kuwa kinywa chake hakitulii hata kwa maandishi, akamuuliza Babu Chuma ana wajukuu wangapi.

Babu akajibu hana mjukuu. Ana miaka kumi na tisa. Anamaliza shule mwezi huu.

Nilisoma kwa sauti, kisha nikasoma tena. Kumi na tisa! Shikamoo zangu zote! Viatu, kofia, aanze mzee! Nimemwachia fedha kijana wa kidato cha sita! Fadhila aliweka paji la uso juu ya meza akacheka hadi kiti kikalia. Babu akauliza kama amekosea, kama asiitikie marahaba tena. Nikamwambia Fadhila amjibu aendelee tu. Mkubwa ni mkubwa, hata kwa miaka mitatu.

Tukaingia.

Mfalme wa Chumvi ni mrefu kama mnara wa simu na hana macho. Akipunga mkono wa kulia unaruka, akiinua wa kushoto unainama, na akinyamaza ndiyo hatari kubwa. Mmoja wetu aligeuka chumvi palepale. Wa pili akafuata. Mimi nasoma hadi sauti imekauka: "Kulia! Ruka! Kushoto, Fadhila, kushoto, inama!" Yeye anachapa kwa vidole viwili kama kuku anayedonoa mtama, ulimi nje, lakini hakukosea. Hakukosea hata mara moja! Kisha Mfalme akanyamaza. Sikuwa na la kusoma. Nikasema tu: "Piga sasa." Akapiga.

Akaanguka! Chumvi tupu, sakafu nzima!

Fadhila alipiga ukelele, mimi nikapiga wa kwangu, na Josephat akaingia mbio anauliza kama faksi imejibiwa. Tulimwambia bado. Alitushangilia hivyo hivyo, kwa kuwa alishainua mikono.

Halafu ukuta ukaanza kujiandika, jina baada ya jina. La nne: Sangara wa Mwanza. Nililisoma kwa sauti mara kadhaa bila kuombwa. Si Kija. Lakini niliposoma "wa Mwanza" nilisimama wima, Odeta. Sikuwa na wivu. Nilijipekua kabisa, sikuuona.

Ningeishia hapo. Lakini niliapa.

Babu Chuma alipata taji la Mfalme. Akaandika: Je, Kija yupo hapo? Sasa nina taji, kofia ya fedha sina kazi nayo. Anaitaka?

Fadhila akanigeukia, macho yanawaka. "Kija! Sema ndiyo!"

Nikasema: "Andika hapana, asante, abaki nayo."

"Kija!"

"Andika tu. Akiuliza tena nitasema ndiyo."

"Huyu haulizi tena! Jana si umeona?"

Nikamwambia jana mtu alikuwa na ufa kichwani, leo ana taji; mwenye taji huuliza kwa utulivu. Fadhila akageukia vitufe. Akaandika.

Tukasubiri. Kisanduku cha kuunganisha laini kinalia kama bata. Babu akaandika: Sawa. Akamwita mpita njia mmoja tusiyemjua, akampa kofia. Mpita njia akaandika ndiyo, akaivaa, akaenda zake.

Fadhila aliweka paji la uso juu ya meza mara ya pili. Safari hii akacheka kuliko mwanzo.

Jumapili, 13 Juni

Asubuhi misa. Mchana shughuli kwao Fadhila. Wali haukuwa na jiwe hata moja, na Bi Mwanaharusi aliwatangazia wageni wa Ujiji ni nani waliouchambua. Fadhila alinifinya chini ya meza, lakini alinifinya kirafiki. Nimeshiba, nimeridhika. Nina usingizi mzuri.

Na nimekaa nikatafakari sana nilipokosea. Nimepata! Nilikataa mara moja moja. Mtu wa mbali hawezi kuhesabu, hana bibi wa Magu. Kuanzia sasa nikipewa kitu mchezoni nitaandika "hapana asante, hapana asante" mara mbili kwa mkupuo. Mbili zinakuwa zimekwisha! Atakuwa amebakiza kuuliza mara moja tu. Nimemweleza Fadhila. Ameniangalia kama vile ninatoka damu puani. Nadhani amevutiwa.

Sasa sikiliza. Pango linafunguka tena Jumamosi ya tarehe 10 Julai, na wiki hiyo nitakuwa kwenu Nansio kumaliza likizo. Nilikuwa nimeanza kuhuzunika. Lakini leo baada ya misa mama mmoja wa huko kwenu amesema padre wenu ameletewa kompyuta, na simu ipo, na huwa anawakaribisha wanafunzi mchana. Mchana, Odeta! Saa saba! Nitakwenda kumwamkia siku ileile nitakayoshuka melini. Bila shaka atasema, "Karibu, mwanangu, kaa ujaribu."

Shajara hii inaondoka na meli ya kesho. Usinijibu kwa barua ndefu, andika namba tu na umpe mtu wa meli ileile inaporudi: huko kwenu Nansio, padre akikukaribisha kiti, mtu hukataa mara ngapi kabla ya kukaa?